Kluska Inaishia Wapi

Nchi, kabla haijawa nchi, ni mtu mmoja aliyeinama juu ya meza, kidevu kinakaribia kugusa shaba. Hivyo ndivyo alivyoamini Ludomiri, na aliamini hivyo kwa sababu mtu mwenyewe alikuwa yeye. Miaka kumi na mmoja alikaa katika Nyumba ya Ramani akichonga bamba moja, mto kwa mto, msitu kwa msitu, mpaka nchi nzima ya Tambarare ikaenea juu ya shaba. Tena alichonga kinyumenyume. Mchonga ramani hana jinsi: anachokichonga kushoto, karatasi ikikandamizwa juu ya bamba, hutokea kulia. Basi maskini akazoea kuishi hivyo hivyo. Aliingia kanisani kwa mlango wa kutokea, alivaa kiatu cha kulia mguu wa kushoto, na akimwambia mkewe Jagna kwamba anakwenda upande huu, Jagna alimtafuta upande ule na kumpata.

Kazi ya namna hiyo humpa mtu maswali. Mto upo kwa sababu maji yanapita, au kwa sababu mimi nimeupitisha? Nikitetemeka mkono, nani atalowa? Mabwana wa zamani waliotangulia kazi hii walikuwa hawaumizi vichwa. Pale wasipopajua walichora nyoka wa baharini, au mtu mwenye macho kifuani, wakaenda zao kula. Nchi za kusini za mbali, huko tunakotoka sisi tunaosimulia, walizijaza tembo. Pale hasa palipokuwa na shamba la mihogo la bibi yangu walimweka tembo mmoja mnene, na hadi leo hakuna aliyekuja kuomba radhi. Lakini Ludomiri alikuwa wa kizazi kipya, kizazi cha vipimo. Hakuchora nyoka. Alichora vijiji elfu tatu, kila kimoja na nukta yake na jina lake, na kati ya hivyo vyote hakuwahi kufika hata kimoja, maana kiti chake kilikuwa kizuri na barabara zilikuwa mbaya.

Kwa hesabu kamili, vilikuwa vijiji elfu tatu na kimoja. Hicho kimoja ndicho kisa chetu.

Mafundi wa Nyumba ya Ramani walikuwa na desturi yao. Kila fundi, katika kila ramani, alipachika kijiji kimoja cha uongo. Walikiita kijiji cha mtego. Mwizi akiinakili ramani yako na kuiuza kama yake, unamwendea tu na kumwuliza, hebu niambie, hiki kijiji umekitoa wapi? Hapo macho yanamtoka. Fundi alikula kiapo kwamba hatakitaja kijiji chake kwa mtu yeyote, hata akiwa kitandani anakata roho. Akikitaja, kalamu yake ya chuma huvunjwa mbele ya wenzake na bamba lake huyeyushwa likawa masufuria. Ludomiri alikichonga chake siku moja mchana, njaa inamuuma, na kutoka jikoni kwake, ng'ambo ya uchochoro, inamjia harufu ya kluska, yale madonge ya unga yanayochemshwa ambayo Jagna alikuwa anayapika. Palikuwa na nafasi tupu kati ya mito miwili. Akaweka nukta, akaandika: Kluska. Kisha akaenda kula, akasahau.

Sasa, Tambarare ilikuwa na majirani watatu, na kila jirani alikuwa na mfalme, na kila mfalme aliamini kwamba dunia inaanzia kitandani kwake. Sisemi kwa kutia chumvi. Wapimaji wa mfalme wa Mashariki walihesabu umbali wote kuanzia kitanda cha mfalme wa Mashariki, na wa Magharibi vivyo hivyo, na wa Kusini vivyo hivyo. Kalenda nazo zilikuwa tofauti. Ya Mashariki ilikuwa nyuma ya wenzake kwa siku kumi na mbili. Wafalme hawa walikaa meza moja, wakatandaza ramani, wakachukua kalamu moja kwa kuwa hakuna aliyemwamini mwenzake na kalamu yake, wakaishika wote watatu, wakaigawa Tambarare kama mkate. Wasomaji wangu meza ya namna hiyo mnaijua, sina haja ya kuieleza.

Mipaka mitatu ikakutana nyumbani kwa Ludomiri. Jiko likawa Mashariki, kitanda Magharibi, mlango Kusini. Akiwa jikoni ilikuwa bado Jumanne, akifika kitandani anakuta Jumapili ya wiki inayofuata imekwisha pita na hakwenda kusali. Umri wake ulipanda na kushuka kulingana na chumba. Aliwaza: mimi wa jikoni na mimi wa kitandani, yupi aliyemwoa Jagna?

Kisha wakaja wakuu watatu wa wapimaji, mmoja kwa kila mfalme, na amri yao. Tambarare itolewe kwenye bamba. Isibaki.

Kufuta shaba si kufuta ubao. Unakwangua kwa kisu, unaligeuza bamba, unaligonga kwa nyuma ili shimo lipande, kisha unalisugua kwa mafuta mpaka ling'ae. Kijiji kimoja kilichukua karibu nusu saa. Na wafalme hawa walikuwa wezi wa kanuni: kila kijiji, kabla hakijakwanguliwa, mkuu wake alitia sahihi kwenye fomu kukubali kwa hiari yake, nakala tatu, huku askari wakimsaidia kushika kalamu. Ludomiri alikwangua. Alikuwa mwoga, na mimi simtetei. Lipowa, kijiji alikozaliwa Jagna, alikikwangua siku ya Jumatano, akafika nyumbani na mafuta vidoleni, hakusema kitu.

Siku chache baadaye Jagna alirudi kutoka sokoni bila mkate.

"Baba Bronka," alisema. Bronka ndiye binti yao wa pekee, aliyeolewa ng'ambo. "Mwuza mkate ameniruka tena."

"Amekuruka vipi?"

"Nimesimama mbele yake nimenyoosha mkono. Akaupita mkono wangu kana kwamba ni tawi, akampa mkate mama aliye nyuma yangu. Na kanisani nimekaliwa."

"Na nani?"

"Mke wa kinyozi. Amenikalia mapajani ibada nzima, na mwenyewe unamjua alivyo." Akasugua mapaja. "Nimempigia kelele, hasikii. Umekwangua Lipowa?"

"Waliniletea orodha."

"Sikukuuliza orodha. Umekwangua Lipowa?"

"Nimekwangua," alisema Ludomiri, na aibu ikampanda mpaka masikioni.

Haikuwa amri. Amri ingekuwa na mtu wa kumlaumu. Ilitokea tu kwamba kijiji kikitoka kwenye shaba, watu wake walififia, wakawa hawasikiki wala hawaonekani kwa wengine isipokuwa wao kwa wao. Ludomiri mwenyewe hakufifia, kwa sababu jina lake lilichongwa chini kabisa ya ramani, kwenye pembe, pale fundi anapojisifu. Alikuwa bado anamsikia mkewe, ila siku ile aligundua kwamba inambidi ainamishe sikio. Kesho yake alimsikia kama mtu anayeongea nyumba ya tatu. Aliona wazi kabisa mambo yanakoelekea: bamba likisafishwa lote, hatamsikia tena hata kidogo, na atabaki na nyumba yenye siku mbili tofauti na sufuria zinazojisogeza zenyewe.

Bamba likafika mwisho. Wakuu watatu wakapiga chapa karatasi moja kuhakikisha, wakaitandaza. Nyeupe tupu, isipokuwa nukta moja katikati.

"Huo ni uchafu wa nzi," alisema mkuu wa Mashariki, mtu mrefu mwenye masharubu.

Mkuu wa Magharibi, aliyependa usafi, akalamba kidole akasugua. Haukutoka. Wakaleta kioo cha kukuzia.

"Pameandikwa," alisema mkuu wa Kusini, mpole kuliko wenzake na mwenye kikohozi. "Kluska."

Wakapekua orodha zote. Kluska haikuwamo. Haina faili, haina mkuu, haina sahihi. Ludomiri alisimama kando anatazama kucha zake. Akisema ni ya uongo, itakwanguliwa kabla chai haijapoa, kalamu yake itavunjwa, na Jagna atatoweka hata yeye asimwone. Akanyamaza. Kunyamaza alikuwa anakuweza vizuri.

"Haiwezekani kukifuta kijiji ambacho hakijakubali kufutwa," alisema mkuu wa Magharibi kwa uchungu wa mtu anayeheshimu sheria. "Fundi, utatupeleka Kluska."

"Ni mbali, waheshimiwa."

"Mbali na wapi?"

Ludomiri akaitazama ile karatasi nyeupe. Hapakuwa tena na mahali pengine pa kuwa mbali napo.

Jioni hiyo alimketisha Jagna jikoni, akainamisha sikio mpaka likakaribia kugusa midomo yake, akavunja kiapo. Alijipa moyo kwamba kumwambia mtu asiyesikika hakuhesabiki.

"Kluska haipo, mke wangu. Niliitunga. Ulikuwa unapika, mimi nina njaa, pakawa na nafasi."

"Nimekupa miaka ishirini na saba," alisema Jagna kwa sauti nyembamba kama uzi, "na kijiji cha kwanza ulichonitungia ukakiita donge."

"Nisamehe."

"Hebu tulia kwanza. Kipo kwenye ramani?"

"Kipo."

"Lipowa ipo?"

"Haipo."

"Basi mimi nahamia Kluska." Akainuka kwenda kisimani, walikokuwa wakikutana wale wasiosikika na wengine, na huko alikaa sana.

Safari ilichukua siku tisa. Kwa kalenda ya Mashariki walikuwa bado hawajaondoka, jambo lililomsumbua sana mkuu wa Mashariki, maana kila asubuhi aliamka safarini akiwa anasubiriwa nyumbani. Jagna alitembea nyuma ya gari, sufuria kichwani, na kila walipopumzika alijimegea soseji za wakuu. Mkuu wa Magharibi alimshuku wa Kusini, wa Kusini akamshuku wa Mashariki, wakaanza kulala kila mtu amekumbatia kikapu chake. Ludomiri alikuwa haoni tena uso wa mkewe. Aliona sufuria tu inaelea nyuma ya gari, na aliitazama hiyo sufuria siku nzima bila kuchoka.

Alijua wanakokwenda ni kinamasi. Alikuwa ameandaa la kusema: mafuriko, waheshimiwa, mafuriko mabaya sana. Lakini walipoupanda mwinuko wa mwisho, chini kati ya mito miwili waliona moshi. Waliona nguo zimeanikwa kwenye kamba, mbuzi, ukuta ambao nusu yake imekwisha, na watu wengi mno, nao wote wanagombana kuhusu mahali pa kuchimba choo.

Ludomiri akapigwa butwaa. Nani anatunga nani hapa? Mimi niliweka nukta, wao wameweka choo.

Jagna akavuka kijito cha kwanza, akaingia ndani ya Kluska. Wakuu watatu wakashtuka, maana mbele yao alitokea mama mnene wa makamo, ana sufuria kichwani na nusu ya soseji yao mkononi.

"Wewe ni nani?" aliuliza mkuu wa Mashariki.

"Mgeni ndiye anayejitambulisha kwanza," alisema Jagna, na sauti yake ilikuwa nzito, ya kawaida, ya mtu anayeita watu kula. Ludomiri aliisikia yote bila kuinamisha sikio.

"Tunamtaka mkuu wa kijiji hiki."

Watu wakatazamana. Neno la Jagna la kisimani lilikuwa limekimbia kuliko gari la wakuu: walikuwa wametoka vijiji elfu tatu vilivyokuwa na wakuu elfu tatu, na wengi wao walikuwa pale pale, tayari wamefungua vinywa. Jagna akatua sufuria chini kwa kishindo.

"Ni mimi," alisema, na kwa kuwa ndiye peke yake aliyekuwa na sufuria kubwa kiasi hicho, hakuna aliyebisha.

Mkuu wa Magharibi akatoa fomu akaisoma. Mimi, mkuu wa mahali paitwapo nukta nukta, ambapo mipaka yake ni nukta nukta, nakiri kwa hiari yangu kwamba mahali hapa hapapo.

"Mipaka yake ni ipi?" aliuliza Jagna.

Mkuu akamgeukia Ludomiri. "Fundi, mpaka hukuchora."

Kweli hakuchora. Nani anakichorea mpaka kijiji cha donge? "Lazima upimwe, mheshimiwa," alisema taratibu. "Nukta haisemi inaishia wapi."

"Basi leteni mnyororo wenu," alisema Jagna, "tuanze na huyu." Akamwelekezea kidole mzee mmoja mwenye mbuzi. "Mbuzi wako analisha mpaka wapi?"

"Huyu? Huyu hulisha mpaka kwenye mto mkubwa wa mashariki."

"Andikeni. Na wewe, mama?"

"Mimi nina shamba la wifi yangu chini ya milima. Wifi ni wa Kluska, na shamba ni la wifi."

"Ni umbali gani?" aliuliza mkuu wa Kusini.

"Mwendo wa siku sita, mwanangu, kama hunyeshewi."

"Kijiji cha mwendo wa siku sita?"

"Sisi wa Kluska," alisema Jagna, "hatupendi kubanana."

Wakapima. Sheria ilikuwa sheria, na mnyororo ulikuwa umeshafunguliwa. Walipima majira ya mapukutiko yote na baridi yote, na kijiji kizima kikiwafuata nyuma na kuwasahihisha. Ludomiri alishika ncha ya mnyororo, na kwa mara ya kwanza maishani alitembea juu ya kitu alichokichonga akiwa kitini. Mto aliouzungusha kwa mkunjo mmoja wa kifundo cha mkono ulimlowesha mpaka kiunoni. Msitu aliouchonga kwa vijiti arobaini vya kufanana ulikuwa na ndege, na kinyesi cha ndege, na mzee mmoja aliyewafukuza kwa fimbo. Aliwaza: miaka yote nilidhani naiweka nchi kwenye shaba, kumbe nilikuwa nachukua sura yake tu, kama mtu anayechukua kipimo cha kofia na kusema amemjua mwenye kichwa. Walipofika Lipowa alihesabu nyumba saba. Yeye kwenye bamba, kando ya nukta, alikuwa ameandika sita.

"Ya saba ni ya shangazi yangu," alisema Jagna. "Ungekuja hata siku moja kunisindikiza, ungeiona."

Ludomiri akalia, waziwazi, mnyororo mkononi. Mkuu wa Magharibi akaandika kitabuni kwamba kipimo cha siku ile kina unyevu.

Siku walipoufunga mzunguko wakarudi kati ya mito miwili, wakaketi kwenye meza ya mbao mpya, wakachora. Mstari ulishuka na mto wa mashariki, ukafuata milima ya kusini, ukapanda magharibi, ukagusa bahari ya kaskazini, ukarudi ulikoanzia. Wote watatu wakautazama.

"Hii sura," alianza mkuu wa Kusini, "mbona kama nimewahi ku..."

Mkuu wa Mashariki akamkanyaga mguu chini ya meza. Kuitambua sura ile ilikuwa ni kusema kwamba palikuwa na kitu, na wote watatu walikuwa wameapa mbele ya wafalme wao kwamba hapakuwahi kuwa na kitu. Hivyo mkuu wa Magharibi akachovya kalamu, akaandika katikati kwa herufi kubwa: KLUSKA.

"Haya, mama. Tia sahihi."

Jagna akaichukua fomu akaisoma yote, na nyuma pia. "Imeandikwa kijiji," alisema. "Mmetembea miezi sita na viatu vimewaishia. Hiki ni kijiji?"

Wakuu wakanong'onezana. Kwa ukubwa ule, kanuni ilidai fomu ya nchi. Fomu za nchi hazikuwepo. Kwa upande huu wa dunia zilishaachwa kupigwa chapa, kwa sababu hapakuwa na nchi. Itabidi kurudi kwa wafalme kuomba zipigwe, na kuziomba, itabidi kueleza ni za nini. Mkuu wa Mashariki alikaa chini juu ya kikapu chake. Alionekana kama mtu anayehesabu miaka.

Wakafunga mizigo. Wenzake walipokwenda kutafuta farasi, mkuu wa Kusini alimvuta Ludomiri pembeni, akakohoa, akashusha sauti.

"Fundi, niambie kweli. Sitaandika. Kluska uliitunga wewe?"

Swali lenyewe lilikuwa hilo, na hakuna mtu aliyewahi kumwuliza kwa upole namna ile. Ludomiri alijua kwamba akisema ndiyo, mtu huyu mpole atakuwa na neno moja tu la kuwapelekea wenzake, nao hawatahitaji fomu yoyote. Akisema hapana, atakuwa amesema uongo, na yeye ni mtu wa vipimo. Akageuka kumtazama mkewe. Jagna alikuwa amewapa mgongo, amesimama kwenye ukingo wa shimo la choo, mikono kiunoni, anawaambia wanaume kumi na wawili kwamba wamechimba kama kuku, na wanaume kumi na wawili wanamsikiliza.

"Mheshimiwa," alisema Ludomiri, "mimi ningekuwa na uwezo wa kutunga watu, unadhani mke wangu ningemtunga hivi?"

Hakusema kwa sauti kubwa. Wale wakuu wawili walikuwa wanarudi na farasi, na upepo ulikuwa unavuma.

"Nimesikia hiyo, Baba Bronka," alisema Jagna bila kugeuka.

Na wakuu wote watatu walimsikia, wakageuza vichwa kumtazama.